Shika shaa!

Mwaka 1988 mjomba wangu alishuka melini Kilindini, akaja nyumbani kwetu Kibokoni, Mombasa, na begi la baharia: sabuni za kunukia, tochi, betri, saa mbili za plastiki na kitambaa cha mamangu. Chini kabisa palikuwa na kanda moja ya video. Alipewa na mzee mwenye duka karibu na bandari ya Yokohama, pale mabaharia walipokuwa wakinunua redio za mtumba. Kwenye lebo palikuwa na maandishi ya Kijapani ya penseli, yamefifia. Mjomba akachukua kalamu ya wino akaandika juu yake kwa herufi kubwa: KATUNI ZA WATOTO.

Haikuwa katuni. Na kwa kweli haikuonekana vizuri ni nini. Deki yetu na runinga yetu zilitoka Dubai, zote za PAL, mtindo wa runinga uliotumika kwetu, na kanda ilirekodiwa kwa NTSC, mtindo wa Japani na Marekani. Siku hizo hakuna aliyetujulisha mambo hayo. Tulichoona ni picha nyeusi na nyeupe inayopanda juu kama pazia linalovutwa, ikifika juu inaanza tena chini. Nyuma ya runinga palikuwa na kitufe kidogo cha kuzungusha. Mjomba akachuchumaa huko nyuma na kisu cha mezani, akakizungusha kwa ncha mpaka picha ikasimama. Akiachia, inapanda. Basi tukaangalia kipindi kizima mjomba yuko nyuma ya runinga, haoni kitu, anauliza tu: "Sasa anafanya nini?"

Sasa, mjomba, anapiga kelele. Sasa kuna mwanga. Sasa amekuwa wa chuma mwili mzima, anang'aa. Sasa upanga wake unawaka kama taa ya kaptula ya stima. (Binamu yangu ndiye aliyesema hivyo, na mpaka leo hajaeleza kaptula ya stima ni kitu gani.)

Ile kelele ya kugeuka tuliiiga miezi mingi. Tulisikia kama "shika shaa!" Shika tulielewa. Shaa hatukuelewa, ila mchezo haukuhitaji kamusi. Mmoja anasimama juu ya baraza, anazungusha mikono, "Shika shaa!", anaruka, wengine wanakufa.

Nilikuwa na miaka saba. Huyo mtu wa fedha nimemtafuta muda mrefu kuliko nilivyotafuta kazi.

*

Kazi niliipata Aichi, karibu na Nagoya, kwenye kampuni inayopeleka magari ya mtumba Afrika Mashariki. Niko hapa tangu 2011. Ukiwa Kenya unaendesha Probox au Vitz iliyopita Nagoya, huenda nimewahi kuinama kuangalia uvungu wake. Kijapani changu nilijifunza kwenye karatasi za mnada, kwa hiyo nilijua kusoma "kutu" kabla ya kujua kusoma "ua". Kizu ni mkwaruzo, hekomi ni bonde, sabi ni kutu. Kwenye mchoro wa gari mkaguzi anaandika A penye mkwaruzo, U penye bonde, S penye kutu, W pale bati lilipowahi kunyooshwa likabaki na mawimbi. Herufi hizo nimezihamishia kwenye kanda, nitafika huko.

Mtu wa fedha nilimpata kabla sijafika Japani, au niliamini nimempata. Ilikuwa kwenye saiba moja Mombasa. Picha ndogo: mtu wa chuma, upanga unawaka, jina Uchu Keiji Gavan, Polisi wa Anga Gavan, kampuni ya Toei, 1982 hadi 1983, vipindi 44. Nikasema huyu hapa. Kila kitu kilikaa sawa isipokuwa kelele. Gavan anapogeuka anasema "Jochaku!" Nikasema basi, watoto ni watoto, tulisikia vibaya.

Neno lenyewe ni la kiwandani. Jochaku ni ile kazi ya kupaka madini juu ya kitu kwa mvuke. Msimulizi wa kipindi anaeleza kwamba Gavan huvaa silaha zake kwa sehemu 0.05 ya sekunde, kisha anasema tutazame tena jinsi inavyofanyika, na tunatazama tena polepole, kila wiki. Polisi wa anga mwingine aliyekuja baadaye, Shaider wa 1984, anasema "Shoketsu!", nalo ni kuchoma unga wa madini mpaka ushikane. Nani alikaa mezani akaamua watoto wapige kelele za maneno ya karakana? Namwamkia popote alipo.

Kilichonifunga kabisa ni mwigizaji. Gavan aliigizwa na Kenji Ohba, kijana wa Japan Action Club, chama cha waigizaji wa mapigano alichokianzisha Sonny Chiba mwaka 1970. Ukiwahi kuona Kill Bill ya kwanza, yumo kwenye mkahawa wa sushi, kipara. Nikarudi nyuma kwenye kazi zake. Kabla ya Gavan alikuwa Denji Blue, 1980. Kabla ya hapo, kuanzia Februari 1979, kwenye Battle Fever J, alikuwa shujaa anayeitwa Battle Kenya.

Niliisoma mara tatu. Battle Kenya. Kikosi cha watu watano, kila mmoja na nchi au watu wake: Japan, France, Cossack, Kenya, na mwanamke anayeitwa Miss America. Vipindi 52. Kila mmoja anapigana kwa ngoma ya kwao. Cossack anacheza kikosaki, Miss America disko, France amepewa flamenko ambayo hata si ya Wafaransa, Japan anapiga kung fu ambayo si ya Wajapani, na Kenya anacheza kitu kinachoitwa "ngoma ya kitropiki". Amechorwa kama mtu wa porini, rafiki wa wanyama. Mimi mtoto wa Kibokoni, ambako mnyama mkubwa ni punda wa mkokoteni, nilicheka mpaka mwenye saiba akanitazama. Lakini pia, niseme ukweli, nilifurahi. Mwaka 1979 mtoto fulani wa Sapporo aliomba anunuliwe kinyago cha Kenya.

Nikataka kuiona yote. Na hapo ndipo shida ilipoanza.

*

Watu hudhani kipindi kisichopatikana kimepotea. Vichache vimepotea kweli. Vingi vimehifadhiwa vizuri tu, ila umefungiwa nje.

Hizi sinema za mashujaa, Wajapani wanaziita tokusatsu, kifupi cha maneno yenye maana ya upigaji picha maalumu. Nyingi zilipigwa kwa filamu ya milimita 16, na filamu ina adabu, hukaa. Walioumia ni vile vilivyorekodiwa moja kwa moja kwenye kanda za zamani za inchi mbili. Kanda hizo zilikuwa ghali mno, vituo vikawa vinafuta na kurekodi tena juu yake. Hata NHK, shirika la taifa, ilifanya hivyo, na leo inawaomba watazamaji waangalie kabatini kama wana kanda za vipindi vyake. Hadithi yao moja ya vijana ya 1972, kuhusu msichana anayesafiri katika wakati, ilifutwa, na kipindi cha mwisho kikarudi kwa sababu mtazamaji alikirekodi nyumbani.

Battle Fever haikufutwa. Ilikuwa na baba wawili. Toei na Marvel ya Marekani walikuwa na mkataba wa kutumiana mashujaa. Mkataba huo ulizaa kwanza Spider-Man wa Kijapani, 1978, vipindi 41, mwenye roboti kubwa kama jengo (ndiyo, Spider-Man ana roboti, kaa kitako), kisha ukazaa Battle Fever. Vitu vya baba wawili vina kawaida ya kukwama mlangoni. Spider-Man huyo Marvel yenyewe ilimwonyesha mtandaoni mwaka 2009 na tafsiri za Kiingereza, bure, tukashangilia. Baadaye akaondolewa. Waliokuwa wamenakili ndio walioendelea kuwa naye.

Ultraman, shujaa mwingine wa Kijapani, alikuwa na kesi mbaya zaidi. Kampuni moja ya Thailand ilitoa karatasi ya 1976 ikidai kwamba haki za Ultraman nje ya Japani ni zake, na ugomvi ukazunguka mahakama za Japani, Thailand, China na Marekani. Baraza la wazee wa mahakama ya California liliipa ushindi Tsuburaya, kampuni ya Ultraman, mwaka 2017. Kabla ya hapo, kwa miaka mingi, Ultraman wa zamani alikuwa mali ambayo nje ya Japani ilikuwa na ugomvi. Mwaka 2019 zikatoka Blu-ray Marekani, na kwa ghafla mengi yaliyokuwa yanapitishwa mkono kwa mkono yakawa dukani na kifuniko kizuri.

Halafu kuna kipindi cha 12 cha Ultraseven. Ultraseven ni ya 1967, ina vipindi 49, lakini ukinunua sanduku lake unapata 48. Cha 12 kilionyeshwa, kikarudiwa, kisha mwaka 1970 gazeti moja la watoto likatoa kadi inayomwita kiumbe wa kipindi hicho kwa jina lenye neno wanaloitwa watu walioathiriwa na mionzi ya bomu la atomu. Walioathirika na ndugu zao wakalalamika, na Tsuburaya ikakifungia. Mpaka leo. Mimi sina neno na waliolalamika. Ningekuwa na jamaa wa Hiroshima ningelalamika pia, kwa kuwa hiyo kadi ilikuwa ya kipumbavu. Lakini kipindi chenyewe, kilichoongozwa na Akio Jissoji, kiko, kimezunguka kwenye kanda za watu miaka yote hii, na hata kilifika runinga ya Marekani kikiwa na sauti za Kiingereza. Kitu kimefungiwa kwao na kimetembea ugenini.

*

Ugenini ndiko nilikopata wenzangu. Tuko saba, na hakuna hata mmoja niliyewahi kumshika mkono.

Yule wa Recife, Brazil, alikua na Jaspion na Changeman, vilivyoingia kwao 1988 kupitia kituo cha Rede Manchete, na kwao Jaspion ni jina la nyumbani kama kwetu Mombasa tulivyokuwa na Bruce Lee. Mfaransa alikua na X-Or, ambalo ndilo jina walilompa Gavan kule, na Bioman. Mfilipino ni wa Shaider, na hakubali mjadala. Mama mmoja wa Hawaii, ametuzidi umri sote, alikuwa mtoto mwaka 1974 kituo cha KIKU kilipoonyesha Kikaider kwa Kijapani na tafsiri za Kiingereza chini ya picha, na anasema shule nzima ilikuwa inaimba nyimbo zake bila kujua Kijapani. Mwaka 2002 gavana wa Hawaii alitangaza siku rasmi ya Kikaider. Gavana! Mimi gavana wetu sijui atatangaza nini.

Kazi tumegawana bila kikao. Mbrazil ana masikio: anapanga sauti za Kireno kutoka kanda za kwao juu ya picha safi za Japani, kwa sababu zile sauti nyingi ziko kwenye kanda za watazamaji tu. Mfaransa ndiye fundi wa picha. Mama wa Hawaii anasahihisha Kiingereza kwa ukali wa mwalimu. Mimi niko kwenye nchi yenyewe, nina gari la kampuni na Jumapili, kwa hiyo mimi ni mtafutaji.

Najua kila Hard Off kuanzia Komaki mpaka Toyohashi. Hard Off ni duka la vifaa vya mtumba, na nyuma lina kona ya mabovu, vitu vinavyouzwa bila ahadi yoyote, vimewekwa kwenye makreti ya plastiki. Huko ndiko deki zinakofia. Funai, kiwanda cha mwisho kutengeneza deki za VHS, kiliacha Julai 2016, kwa hiyo kila deki iliyopo sasa ni mzee. Mwaka 2019 UNESCO na wenzake walionya kwamba ifikapo 2025 kanda nyingi duniani huenda zisiwe na mahali pa kuchezwa. Ninazo deki sita. Mke wangu anahesabu nne, mbili ziko kwenye buti la gari.

Kanda ninazochukua ni zile za watu, zilizorekodiwa nyumbani. Zinakuja kwenye boksi mtu akifa au nyumba ikivunjwa. Ninaigeuza kila moja kwenye mwanga na kuiandikia karatasi yangu. S si kutu tena, ni kuvu: ule unga mweupe unaoonekana kwenye dirisha dogo la kanda. Japani ina majira ya mvua ya Juni na joto la kunata kama la Mombasa mwezi wa nne, na kuvu hupenda kanda kuliko mkate. Kanda ya S huiweki kwenye deki nzuri kamwe, kwa sababu unga unaingia kwenye hedi, kile kichwa cha deki kinachosoma utepe, na kanda ya pili inayofuata itakwaruzwa. W ni kanda iliyokunjamana. U ni kasha lililobonyea, hilo si neno, unahamishia utepe kasha jingine.

Kunakili nako si kuchomeka waya tu. Filamu ina picha 24 kwa sekunde, runinga ya Japani inataka karibu 30, tena kila picha imekatwa vipande viwili, mistari ya shufwa na mistari ya witiri. Ili zitoshe, mashine inarudia vipande, picha moja mara mbili, inayofuata mara tatu, mbili, tatu, mbili, tatu. Ndiyo maana kanda ya zamani ikisimamishwa unaona shujaa ana mikono minne. Mfaransa anafumua hiyo fundo moja moja mpaka zinabaki zile 24 za mpiga picha. Siku hizi anatumia vhs-decode, ambapo huchukui picha kutoka kwenye tundu la nyuma la deki bali unagusa mawimbi ghafi yanayotoka hedini, na kompyuta ndiyo inafanya kazi iliyokuwa ya deki. Nilimtumia picha ya deki yangu imefunguliwa tumbo na waya unatoka nje. Mke wangu akaniuliza kama hii bado ni starehe au imeshakuwa ugonjwa.

Sasa nieleze jambo linaloniuma zaidi. Wajapani waliorekodi runinga miaka ya themanini walikuwa na bidii sana. Wengi walikuwa wakikaa na rimoti mkononi, tangazo likianza wanasimamisha, likiisha wanaendelea, ili wasipoteze utepe. Kazi safi kabisa, hakuna tangazo hata moja. Na sisi tunalia! Kipindi chenyewe Toei wanacho kwenye filamu, kizuri kuliko kanda yoyote. Ambacho aghalabu hakipo ni kile kilichokuwa katikati: tangazo la midoli, watoto wenye soksi ndefu wakila vitafunio, sauti ya mwanamke anayesema kipindi hiki kimeletwa kwenu na fulani, maandishi ya tetemeko la ardhi yanayopita juu ya uso wa jini. Hivyo vimeokolewa na wavivu. Baba aliyewasha kurekodi akasinzia. Mama aliyetoka kwenda kutazama wali. Nikiokota kanda ambayo mtu amerekodi kwa ule mtindo wa kurefusha utepe mara tatu, saa sita kwenye utepe wa saa mbili, picha mbaya, akaacha ikimbie mpaka habari za usiku na mpira wa besiboli, namwombea dua mwenyewe.

*

Watu huniuliza kuhusu sheria, na ni haki yao. Japani si mahali pa mchezo. Tangu Oktoba 2012 hata kupakua tu, ukijua kitu kimewekwa kinyume cha sheria, kunaweza kukupeleka jela mpaka miaka miwili; kupandisha ni mpaka miaka kumi. Kunakili kanda yako kwa matumizi yako nyumbani kunaruhusiwa. Mimi ni mgeni mwenye viza, nina watoto wawili, sipandishi kitu. Ninanunua, nasafisha, nanakili changu, na kanda yenyewe naiposti kwa mwenzangu kama kitu cha mtumba kingine chochote. Wanachofanya wengine huko kwao wanakijua wao. Siwezi kujifanya malaika, kwa kuwa nimeona vipindi ambavyo bila wao nisingeviona. Haki ya filamu hapa hudumu miaka 70 tangu ilipotoka. Battle Fever itakuwa huru mwisho wa 2049. Nitakuwa na miaka 68, Inshallah, na sitaki kungoja.

Kampuni nazo zimebadilika. Aprili 2020, watu wamefungiwa ndani na korona, Toei walifungua chaneli yao YouTube, wakaweka vipindi vya kwanza viwili vya mashujaa karibu sabini. Vyenye tafsiri! Usiku ule Mfilipino alituandikia kwa herufi kubwa tupu. Ninaponunua DVD halali za Japani na kuzipeleka Mombasa nakumbana na ujinga mwingine: Japani ni eneo la pili la DVD, Kenya ni la tano, na deki halali inakataa diski halali. Gari la miaka saba linaingia Kenya, likizidi minane linakataliwa. Diski inakataliwa hata ikiwa mpya.

Niliwahi kwenda Sukagawa, Fukushima, alikozaliwa Eiji Tsuburaya, mwanzilishi wa ile kampuni ya Ultraman. Tangu Novemba 2020 kuna ghala pale la kuhifadhi vifaa vya tokusatsu, na kuingia ni bure. Hideaki Anno, mwongozaji, ndiye aliyepigania vitu hivyo visitupwe. Rafu za majengo madogo, ndege, majini ambao mpira wao umeanza kumung'unyika. Niliona ghorofa ndogo yenye mapazia ndani ya madirisha. Mtu alishona mapazia ya ukubwa wa stempu kwa jengo ambalo lilitengenezwa ili likanyagwe.

*

Battle Fever nimeiona yote. Nilinunua DVD, nikasikiliza kwa Kijapani changu cha kutu na mabonde, na kipindi kimoja nikawatafsiria watoto wangu kwa Kiswahili, faili la maandishi tu. Binti yangu alitaka kujua kwa nini Kenya anacheza hivyo. Nikamwambia ni Kenya wa mitaa ya Toei.

Mbrazil aliwahi kuniuliza, miaka mitatu iliyopita, nina uhakika gani kuhusu kanda ya mjomba. Nikamweleza: mtu wa fedha, upanga, pikipiki. Akaandika: "Lakini ulisema hamkuona rangi." Nikamjibu kwamba fedha ni fedha. Nikabadilisha mazungumzo.

Mwaka jana nilipiga simu nyumbani, na baada ya shikamoo na habari za mguu, mamangu akasema anapanga sanduku la marehemu mjomba.

"Kuna kanda humu. Ile yenu ya kupiga makelele."

"Mama usiitupe! Ipo kamili?"

"Ipo na ukungu. Wataka nini na kanda mbovu, mwanangu, na huko waziokota kila siku?"

Ililetwa na kijana wa Kisauni aliyekuja kwa kazi, imefungwa kwenye kanga. Karatasi yangu niliandika S, S, S, W. Nilikaa nayo siku tatu sijaigusa. Kisha nikaifungua, nikaupitisha utepe kwenye kitambaa na spiriti kwa mkono, mita kwa mita, jikoni, madirisha wazi. Mwanzo wake umeliwa kabisa. Nikaiweka kwenye deki ninayoitoa kafara.

Zilipatikana dakika kumi na saba. Picha ikatetemeka, ikasimama yenyewe, hakuna haja ya kisu. Nilikuwa nimesahau kwamba hapa deki na runinga zote ni NTSC. Kijana anakimbia kwenye machimbo ya mawe, anasimama, anazungusha mikono ile ile tuliyokuwa tukizungusha barazani, anapiga kelele, mwanga, na anatokea mtu wa chuma anayeng'aa, mwekundu. Mwekundu kama lori la zimamoto.

Sharivan. Polisi wa Anga Sharivan, 1983, aliyekuja baada ya Gavan. Mwigizaji Hiroshi Watari. Kenji Ohba, mtu wangu wa Battle Kenya, hayumo humo hata kivuli. Na kelele ya Sharivan naijua miaka mingi, nimeisoma, nimeisikia, nimeiandikia muda wake kwenye faili kwa mikono yangu. "Sekisha." Seki, ya kwanza, herufi yake ni ile ya nyekundu.

Nilimpigia binamu yangu, yeye sasa ana duka la vipuri Mwembe Tayari. Nikamtumia kipande cha sekunde kumi. Akakaa kimya, nikasikia honi za matatu.

"Huyu nani?" akasema.

Kwenye dakika ya kumi na tano aliyerekodi alisahau kusimamisha. Kuna tangazo moja zima na nusu ya la pili, la midoli ya Sharivan yenyewe, mtoto anaiinua juu ya kichwa chake. Mfaransa amelitazama akasema hajawahi kuliona mahali. Analifanyia kazi.

Mamangu anataka kanda irudi. Nilimweleza kwamba nimeshanakili, picha zote ziko salama, nitampa kwenye simu. Akasema hajauliza picha, ameuliza kanda, ina mwandiko wa kakake. Nimeirudisha kwenye kasha lake na ile kanga. Kijana wa Kisauni anasafiri Alhamisi.